"Pole" Si "Nisamehe"

Nakala ya kipindi cha redio, kwa matumizi ya vikundi vya wasikilizaji
Mada: Kusamehe na kuzungumza baina ya ndugu
Muda: dakika 20

(Muziki wa kufungulia, sekunde kumi. Unashuka taratibu.)

MTANGAZAJI: Habari za jioni, msikilizaji. Karibu tena. Nakusalimu wewe uliyeko Katwe, Nsambya, Kabalagala, Masajja na Ndejje, wewe unayefunga duka sasa hivi na wewe unayewasha jiko. Nawasalimu pia ndugu zetu wa Nakivale, Rwamwanja, Kyaka na Kyangwali, mnaotupata kupitia kadi ya simu siku mbili tatu baadaye. Mama, kama watoto wako karibu, waache wasikilize. Leo hatuna jambo la kuwaficha.

Leo tunazungumzia kusamehe. Najua ukisikia neno hilo unasema, haya, mahubiri yameanza. Hapana. Wachungaji na mashehe wetu wanaifanya kazi hiyo, na sitaki kuwanyang'anya. Mimi nataka tuangalie mdomo. Aliyekosa anasema nini, aliyekosewa anasema nini, na kwa nini watu wanapeana mikono Jumapili mbele ya kila mtu halafu Jumatatu wananuniana kwenye bomba la maji.

Tulipokea ujumbe wa sauti kutoka kwa dada mmoja anayeishi hapa Kampala. Ametuambia tuutumie. Tumebadilisha mambo madogo ili asijulikane, na sauti utakayosikia ni ya mwenzetu wa studio.

(Mlio wa simu. Kimya kidogo.)

SAUTI YA DADA: Ndugu mtangazaji, mimi na kaka yangu tulivuka mpaka wa Bunagana pamoja mwaka 2012. Nilikuwa na miaka kumi na minne. Mama alibaki nyuma. Tulilala Nyakabande, kisha tukapelekwa Rwamwanja. Kwenye karatasi ya familia tulikuwa watu wawili tu, yaya wa kwanza na mimi wa pili. Baadaye tukaja Kampala, yeye akishona nguo, mimi nikitembeza vitenge. Akaoa. Sikujua kwamba alipooa alitenganisha faili, nikabaki peke yangu kwenye karatasi. Nilikuja kujua Desemba 2024, mke wa jirani aliponiuliza, "Kaka yako anaondoka Februari, wewe utaondoka lini?" Nilicheka, nikadhani ni utani. Halafu Januari Marekani ikafunga mlango, safari yao ikafutwa. Sasa yaya yuko hapa hapa, nyumba ya tatu kutoka kwangu. Cherehani alikuwa ameshaiuza. Akaniandikia: "Pole kwa yote yaliyotokea." Sijamjibu. Watu wa kanisani wananiambia nimsamehe. Nimsamehe nini? Pole ni neno la msiba.

(Muziki mfupi.)

MTANGAZAJI: Pole ni neno la msiba. Tulipousikia ujumbe huu studio nzima ilinyamaza, kwa sababu dada huyu amegusa kitu ambacho sisi wasemaji wa Kiswahili tunakipita kila siku bila kukiona.

Fikiria ni nani unayemwambia pole. Mtu aliyejikwaa kwenye ngazi. Mama aliyebeba jerikeni mbili kutoka bondeni. Fundi unayemkuta juani. Mtu aliyefiwa. Wewe hukumsukuma yule aliyejikwaa, na wewe hukuua mtu. Unasema pole kwa sababu unamwonea huruma. Ni neno zuri sana, wageni wengi wanatuonea wivu kwa kuwa nalo. Lakini anayesema pole anasimama nje ya jambo. Analitazama kama mvua iliyonyesha.

Samahani nayo ipo. Hiyo tunaitumia kupita katikati ya watu pale Old Taxi Park, au kumwuliza konda nauli. Inafaa pia kwa kosa dogo, umemkanyaga mtu, umechelewa. Ila imetumika sana mpaka imekuwa nyepesi, kama noti iliyopita mikono mingi.

Sasa chukua neno "unisamehe". Mwalimu wetu wa Kiswahili alipenda kukata maneno vipande ubaoni, kwa hiyo nami nitakata. U ni wewe. Ni ni mimi. Samehe ndilo tendo. Huwezi kulitamka bila kuwataja watu wote wawili. Majirani zetu wanajua siri hiyohiyo. Mganda akisema "nsonyiwa", ile n ya mwanzo ni yeye mwenyewe anayeomba. Wanaosema Lingala husema "limbisa ngai", na ngai ni mimi. Wanaosema Kinyarwanda husema "mbabarira", neno lililotoka kwenye kubabara, kuumia, kana kwamba anayesamehe anakubali kubeba maumivu kwa ajili ya mwenzake. Waacholi wa kaskazini husema timo kica, kufanya huruma. Katika nyumba moja ya kupanga hapa Katwe unaweza kuzisikia lugha hizo zote kabla ya saa mbili asubuhi, na katika kila moja mtu anaweza kukwepa akitaka. Tunajua njia zote za kukwepa. "Kama nimekukosea." "Kwa yote yaliyotokea." "Yaliyopita si ndwele." "Shetani aliingia kati." Msikilizaji, shetani hakujaza fomu.

(Kicheko kidogo. Muziki unapita.)

MTANGAZAJI: Turudi kwenye faili, kwa sababu hapo ndipo wengi watamhukumu kaka haraka, na mimi sitaki tuharakishe.

Mambo ya nchi ya tatu tunayajua nusunusu, na nusu ile nyingine tunaijaza kwa uvumi. Mkimbizi haombi nafasi hiyo kama anavyoomba kazi. UNHCR ndiyo hutambua watu kulingana na mahitaji yao na kupeleka majina yao, na nchi inayopokea ndiyo hukubali au kukataa. Duniani kote wanaopata nafasi hiyo kwa mwaka hawafiki hata mkimbizi mmoja kati ya mia. Na familia inayohesabiwa kwenye faili moja kwa kawaida ni mume, mke, watoto na wale wanaowategemea. Ndugu mtu mzima mara nyingi huwa na faili lake. Kuna wakati mafaili ya ndugu huunganishwa ili wafikiriwe pamoja, lakini ofisi haiwezi kuunganisha mtu ambaye hakuna aliyemtaja.

Kwa hiyo kaka akisema, "Nilioa, nikafuata utaratibu," huenda anasema kweli. Na dada akisema, "Ulinitupa," naye anasema kweli. Wanaweza kupigana namna hiyo miaka kumi bila kufika popote, kwa kuwa kila mmoja anajibu swali ambalo mwenzake hakuuliza. Yeye anajitetea kuhusu karatasi. Dada anaulizia mdomo: kwa nini hukuniambia? Tulikula pamoja kila Jumapili. Uliitwa intavyu ya kwanza, ukarudi, ukala wali wangu. Ya pili, ukarudi, ukala. Kipimo cha afya, ukarudi, ukala.

Kosa lenyewe ni hicho kimya. Faili ni mahali kimya kilipojificha tu.

Na wakati ule ulikuwa wa namna gani, tukumbushane. Tarehe 20 Januari 2025 rais mpya wa Marekani alitia saini amri ya kusimamisha mpango wa kupokea wakimbizi, na kuanzia tarehe 27 ukasimama. Watu waliokuwa wameshauza magodoro na kuaga walibaki. Hapa Kampala kila mtaa unamjua mmoja. Aibu ya kuaga halafu kubaki ni kubwa, na mtu mwenye aibu huwa hana maneno mengi. Namwelewa kaka huyu. Bado anadaiwa maneno.

(Muziki wa ngoma, sekunde tano. Unashuka.)

MTANGAZAJI: Tutoke Kampala kidogo, twende kaskazini mwa Uganda, Gulu na Kitgum, nchi ya Waacholi. Huenda umesikia habari ya mato oput. Mato ni kunywa. Oput ni mti wenye mzizi mchungu. Vita vya LRA vilipokuwa vikielekea mwisho, dunia nzima ililiandika neno hili, na tarehe 29 Juni 2007 serikali ya Uganda na LRA walipotia saini kule Juba mapatano kuhusu uwajibikaji na maridhiano, mato oput ilitajwa ndani yake kwa jina, pamoja na desturi za makabila mengine.

Picha tuliyonayo wengi ni ya siku ya mwisho. Watu wawili wa koo mbili wanapiga magoti, mikono nyuma, vichwa vimekaribiana, wanakunywa kutoka kibuyu kimoja dawa chungu iliyochanganywa na pombe ya kienyeji. Wazee wanatazama. Halafu watu wanakula pamoja. Picha nzuri. Na mtu akiiona anasema, kumbe ni rahisi, kunywa tu.

Sikiliza kinachotangulia. Mtu akimwua mtu wa ukoo mwingine, koo hizo mbili husimamisha mambo kati yao. Hazili pamoja. Hazioani. Hakuna anayejifanya kwamba mambo ni shwari. Kisha wazee wa kati huanza kwenda huku na huku, kwa sababu pande mbili haziwezi bado kukaa uso kwa uso. Wanatafuta ukweli: nani alifanya nini, wapi, kwa nini. Aliyeua lazima akiri. Kuna fidia, inaitwa culo kwor, na ukoo wake mzima husaidia kuilipa. Kazi hiyo inaweza kuchukua miezi, hata miaka. Kibuyu kinakuja baada ya yote hayo. Desturi hutofautiana kutoka ukoo mmoja hadi mwingine, lakini mpangilio huo wa kusema kwanza na kunywa baadaye haugeuzwi.

Nimeileta hapa kwa sababu sisi tunafanya kinyume. Tunaanza na kibuyu. Ndugu wawili wamegombana, shangazi anapiga simu kutoka Nairobi, "Peaneni mikono, msituaibishe." Wanapeana mikono. Picha inatumwa kwenye kundi la WhatsApp la familia, watu wa Australia na Kentucky wanaweka mioyo myekundu. Hakuna aliyeuliza kilichotokea. Ni kama kumfunga mtu bandeji juu ya suruali.

Niseme pia kwamba huko kaskazini si kila mtu aliridhika. Wapo waliosema mato oput iliwekwa kwa mauaji kati ya koo zinazojuana, na haiwezi kutosha kwa vita ambavyo mtu aliua watu asiowajua hata majina. Wapo waliotaka mahakama. Dominic Ongwen, aliyekuwa kamanda wa LRA, alihukumiwa na Mahakama ya Kimataifa ya Jinai miaka 25 jela mwezi Mei 2021, na siku hiyo Waacholi wenyewe hawakuwa na kauli moja. Kusamehe hakujawahi kuwa jambo ambalo watu wote wanalikubali kwa siku moja.

Na sisi watu wa redio tuna sehemu yetu katika hadithi hiyo. Miaka ileile ya vita, Mega FM ya Gulu ilikuwa na kipindi kilichoitwa Dwog Cen Paco, maana yake rudi nyumbani. Waliotoroka msituni walikuja studio wakasema kwa sauti zao: nimefika, ni mimi, sijauawa. Waliobaki msituni walisikiliza redio ndogo. Walikuwa wameambiwa na makamanda kwamba wakirudi watauawa. Sheria ya msamaha ilikuwepo tangu mwaka 2000, imeandikwa vizuri kwenye karatasi, lakini mtu wa msituni alihitaji kusikia sauti anayoijua. Karatasi haina sauti.

(Muziki mfupi.)

MTANGAZAJI: Kwa ruhusa ya dada yetu, naweza kukwambia walichofanya. Kwanza walipata mtu wa kati, mama mmoja mzee wa kutoka Rutshuru anayeheshimiwa na wote wawili. Hakuwa mchungaji wala hakuwa jamaa. Hilo ni muhimu, kwa sababu jamaa huwa na upande, na mchungaji huwa na haraka ya kufunga kwa sala. Mama huyu alikwenda kwa kaka, akakaa, akanywa chai, akamwuliza swali moja: "Mwanangu, wewe unadhani anakukasirikia nini?" Kaka akaeleza habari ya faili dakika ishirini. Mama akasema, "Siyo hilo. Fikiri tena, nitarudi Alhamisi."

Alirudi Alhamisi.

Walipokutana, walikutana nje. Na hapa nitashauri kitu kwa uzoefu wetu wa mjini. Wengi wetu tunaishi kwenye muzigo, chumba kimoja, pazia katikati, watoto upande huu na jiko mlangoni. Chumba hicho hakina mahali pa kusema jambo zito. Ukilia, jirani anasikia. Ukipaza sauti, mwenye nyumba anasikia, na una deni la kodi. Watu wengi hawazungumzi kwa sababu tu hawana pa kuzungumzia. Tembeeni. Nendeni pamoja hadi sokoni, mkae kwenye nyasi za uwanja wa shule jioni. Ukitembea na mtu hamtazamani machoni, na kuna maneno yanayotoka kirahisi zaidi namna hiyo.

Kaka alimwambia hivi, kwa maneno yake:

SAUTI YA KAKA: Nilikuficha. Nilipokwenda kutenganisha faili walinieleza kwamba mtu mzima huwa na lake, na mimi sikuuliza kama tunaweza kuunganishwa. Sikuuliza kwa sababu niliogopa watachelewesha langu. Kila Jumapili nilisema nitamwambia wiki ijayo. Nilikula chakula chako huku najua. Unisamehe.

MTANGAZAJI: Sikia kilichomo. Ametaja tendo. Ametaja siku. Ametaja sababu, hata ile inayomwaibisha, kwamba alijali faili lake. Na hakuna "lakini". Ile "lakini" ndogo hula kila kitu kilichosemwa kabla yake. "Nisamehe, lakini na wewe ulikuwa unanisema kwa watu." Hapo umemaliza kuomba na umeanza kesi mpya. Kama una malalamiko yako, yana siku yake.

Dada alijibu nini? Hakusema amemsamehe. Alisema, "Nimesikia." Kisha akauliza swali lake: "Mama anajua?" Mama yao yuko Rutshuru bado, wanaongea naye kwa simu mtandao ukiwepo. Kaka akasema hapana, mama anadhani walikuwa wanaondoka wote wawili. Dada akasema, "Basi mpigie umwambie mwenyewe. Mimi sitakubebea hiyo."

Hiyo ndiyo culo kwor ya familia hii. Hakuna ng'ombe, hakuna pesa. Kumpigia mama. Jumamosi mbili mtandao ulikataa. Jumamosi ya tatu akampata.

(Sauti ya simu inaita. Inakatika. Muziki unapita.)

MTANGAZAJI: Wengi mtauliza, sasa amemsamehe au hajamsamehe? Hapa naomba nilete mtaalamu mmoja. Huko Marekani kuna profesa wa saikolojia anayeitwa Everett Worthington, aliyetumia maisha yake kuchunguza kusamehe. Mwaka mpya wa 1996 mama yake mzazi aliuawa na mtu aliyevunja nyumba. Kwa hiyo si mtu wa kuongea maneno ya kitabuni tu. Yeye hutofautisha misamaha miwili. Kuna msamaha wa uamuzi: naamua sitalipiza, nitakutendea kama binadamu. Huo unaweza kuutoa leo mchana. Na kuna msamaha wa moyo, pale hasira na uchungu vinapopungua na kitu kingine kikaanza kuingia. Huo unakuja kwa muda wake, na hakuna mtu anayeweza kukuamuru uupate kesho saa nne.

Ukilijua hilo, mambo mengi ya nyumbani yanaeleweka. Mke anasema amesamehe, na wiki ijayo analia akikumbuka. Mume anakasirika: "Si ulisema yameisha?" Hakudanganya. Uamuzi wake ulitangulia, moyo unafuata kwa miguu. Mwache ufike.

Worthington na wenzake walitengeneza kijitabu cha mazoezi ambacho mtu anakifanya peke yake kwa saa chache. Kilijaribiwa na watu 4,598 katika sehemu tano, zikiwemo Kolombia, Afrika Kusini na Ukraine, yaani watu wanaojua vita na kuonewa. Waliokifanya walipata nafuu ya kinyongo, na pia huzuni na wasiwasi vikapungua. Sisemi kijitabu kinatosha. Nasema kwamba kusamehe ni kazi ya mikono, mtu anajifunza kama anavyojifunza kushona.

Sasa simu. Nimeombwa na wasikilizaji wengi niseme kuhusu simu. Kwa watu kama sisi, ambao ndugu wametawanyika kutoka Bukavu hadi Denver, huwezi kusema "mkutane ana kwa ana" halafu ukaenda zako. Simu ndiyo sebule yetu. Ila kila njia ina tabia yake. Maandishi hayana sauti, "sawa" ya upole na "sawa" ya hasira zinaandikwa vilevile. Ujumbe wa sauti una sauti, lakini unaweza kutumwa kwa wengine, na wengi wameumia hivyo: umelia kwa dada yako usiku, asubuhi shemeji zako wote wamesikia. Kwa jambo zito, piga simu. Ukikosa vocha, subiri upate. Na kama hujui hata ndugu yako yuko wapi, au ulimpoteza njiani, Msalaba Mwekundu wa Uganda una kazi ya kutafuta jamaa waliopotezana na kupeleka habari za familia, bila malipo. Nimekutana na watu ambao ugomvi wao wa mwisho ulikuwa siku ya kukimbia, wakigombania nani abebe mtoto na nani abebe godoro, na hawajaonana tena. Mtu wa namna hiyo anatafuta jamaa na anatafuta nafasi ya kusema neno moja.

Kuhusu kuomba msamaha kwenye kundi la familia mbele ya watu arobaini, mimi sipendi. Kama ulimtukana mtu mbele ya watu arobaini, ndiyo, mwombe mbele yao. Kama ulimkosea ndani, mwombe ndani. La sivyo unamlazimisha ajibu haraka kwa sababu anatazamwa.

(Muziki unashuka. Kimya cha sekunde mbili.)

MTANGAZAJI: Kuna jambo lazima niliseme polepole. Yote haya ni kwa watu wawili ambao hakuna anayemwogopa mwenzake. Kama unapigwa, kama mtoto anaguswa vibaya, usiambiwe na mtu yeyote, awe mzee wa jumuiya au mama mkwe, kwamba kazi yako ya kwanza ni kusamehe na kurudi ndani. Kazi ya kwanza ni usalama. Kusamehe na kurudi kuishi pamoja ni mambo mawili. Unaweza kumsamehe mtu ukiwa umekaa mbali naye, mlango umefungwa, na kesi iko polisi. Hapa Uganda kuna simu ya bure, namba 116, inaitwa Sauti, kwa ajili ya watoto na wanaofanyiwa ukatili nyumbani. Iandike ukutani, nyuma ya kalenda kama unaogopa ionekane. Na mzee wa upatanishi anayesikiliza, ukija kwako kesi ya kipigo, usiandae soda na kiti cha maridhiano. Mpeleke yule mama mahali salama.

Migogoro midogo ya mtaani, deni, maneno, maji, takataka, mwenyekiti wa LC1 anaweza kuisikiliza, na mabaraza ya mitaa yana mamlaka hayo kisheria tangu zamani. Mkimbizi naye ana haki ya kwenda pale. Nenda na mtu anayejua Luganda kama hukijui, lakini mchague vizuri. Mkalimani anayepunguza maneno yako kwa kuwaonea aibu wenyeji atakupunguzia na haki.

Kwa leo muda umetutupa mkono. Wiki ijayo tutakuwa na mada ya kodi ya nyumba: mwenye nyumba anapopandisha bei bila karatasi, unamwambia nini. Mwenzangu wa mitambo anasema anayo mengi ya kusema kuhusu hilo, atakaa upande huu wa kioo.

Viongozi wa vikundi vya wasikilizaji, haya ndiyo maswali yenu. Msiyamalize yote, chagueni mawili na kila mtu apate zamu, hata vijana.

Katika lugha ya nyumbani kwenu, unasemaje "pole" na unasemaje "unisamehe"? Ni maneno tofauti au ni moja?

Kaka angekuwa ameondoka Februari, mngemshauri dada afanye nini kwa simu?

Mama mzee alimwambia kaka, "Fikiri tena, nitarudi Alhamisi." Ni nani kwenye mtaa wenu anayeweza kufanya kazi hiyo, na kwa nini watu wanamwamini?

Dada alisema, "Nimesikia." Je, hilo lilitosha kwa siku ile?

(Muziki wa kufungia.)